Edward Steere

Edward Steere (4 Mei 1828 – Agosti 1882) alikuwa mwanasheria, kasisi na askofu wa Kanisa Anglikana kutoka Uingereza. Katika Afrika Mashariki anakumbukwa hasa kama mtaalamu wa lugha ya Kiswahili, mpiga chapa na mjenzi wa kanisa kuu la Mkunazini katika Mji Mkongwe wa Zanzibar. Alikuwa askofu wa tatu wa Misheni ya Vyuo Vikuu kwa Afrika ya Kati, inayojulikana kwa kifupi kama UMCA. Misheni hiyo ndiyo iliyoanzisha kituo cha Magila katika wilaya ya leo ya Muheza, mkoani Tanga.

Steere alikuja Afrika mwaka 1863 kwa nia ya kukaa muda mfupi tu. Alibaki katika kazi hiyo mpaka kufa kwake, miaka 19 baadaye. Muda mwingi wa miaka hiyo aliishi bila mke wake, na mara nyingi bila wenzake wa kutosha, kwa kuwa homa na magonjwa mengine yaliwaua au kuwarudisha kwao wengi wa wamisionari wa kwanza. Kazi mbili za mikono yake zilichukua karibu nguvu zake zote: vitabu vya Kiswahili alivyovitunga na kuvipiga chapa, na jengo la kanisa lililosimama mahali palipokuwa soko la watumwa.

Maisha ya awali

Steere alizaliwa mjini London. Alisoma katika University College ya mji huo na kupata shahada kadhaa, ya mwisho ikiwa udaktari wa sheria mwaka 1850. Mwaka huohuo alikubaliwa kuwa wakili. Hata hivyo hakuvutiwa na kazi ya mahakamani. Alitumia muda wake katika masomo ya falsafa na dini, na katika kuwasaidia maskini akiwa pamoja na vijana wengine waliojiunga katika udugu wa kanisa.

Mwaka 1856 alipewa daraja ya ushemasi, na mwaka 1858 ukasisi. Mwaka 1856 alitoa pia kitabu kuhusu hoja za kuwepo kwa Mungu, na baadaye alihariri maandishi ya Joseph Butler, askofu na mwanafalsafa wa karne ya 18. Mwaka 1858 alimwoa Mary Beatrice Brown. Alihudumu katika mkoa wa Lincolnshire, mashariki mwa Uingereza, kwanza Skegness, kisha katika parokia ndogo ya kijijini iitwayo Little Steeping. Huko jirani yake na rafiki yake alikuwa kasisi William George Tozer. Urafiki huo ndio uliobadilisha maisha yake.

Kuja Afrika

UMCA iliundwa baada ya hotuba za David Livingstone nchini Uingereza mwaka 1857, ambamo aliwahimiza wasomi wa vyuo vikuu wapeleke Ukristo na biashara halali katika nchi zilizoharibiwa na biashara ya watumwa. Kundi la kwanza, chini ya askofu Charles Mackenzie, lilikwenda bonde la mto Shire katika nchi ya Malawi ya leo. Jaribio hilo lilishindwa. Kulikuwa na vita, njaa na homa, na Mackenzie mwenyewe alifariki Januari 1862.

Tozer alichaguliwa kushika nafasi yake. Steere hakuweza kumwacha rafiki yake aende peke yake, hivyo alikubali kumsindikiza kwa muda. Mwaka 1863 walifika mlima Morambala karibu na mto Shire. Baada ya muda Tozer aliona kwamba mahali hapo hapafai. Aliamua kuhamishia misheni Unguja, mahali ambapo njia zote za biashara ya pwani na bara zilikutana. Walifika huko mwishoni mwa Agosti 1864.

Uamuzi huo ulilaumiwa sana Uingereza, hata na Livingstone mwenyewe, kwa sababu ulionekana kama kuikimbia Afrika ya bara. Lakini ndio uliomfikisha Steere kwenye kazi ya maisha yake. Katika mji wa Unguja alikuta lugha iliyosikika kutoka Lamu hadi Kilwa, na ambayo misafara ya biashara ilikuwa ikiipeleka mpaka Tabora, Ujiji na kuvuka ziwa Tanganyika.

Kujifunza Kiswahili

Muda mfupi baada ya kufika, Sultani Majid bin Said aliwapa wamisionari wavulana watano waliotolewa katika jahazi la watumwa lililokamatwa. Hao ndio waliokuwa wanafunzi wa kwanza wa shule ya UMCA. Mmoja wao, John Swedi, alikuja kuwa shemasi mwaka 1879. Wavulana hao walitoka makabila mbalimbali ya bara. Walimu hawakujua lugha za wanafunzi, wala wanafunzi hawakujua lugha ya walimu. Kiswahili kililazimika kuwa daraja, na Steere alijitwika kazi ya kukijifunza.

Hakuwa Mzungu wa kwanza kuandika kuhusu lugha hii. Johann Ludwig Krapf, mmisionari Mjerumani aliyeishi Mombasa na Rabai, alikuwa ametoa sarufi ya Kiswahili mwaka 1850. Lakini Krapf alitegemea zaidi Kimvita, lahaja ya Mombasa. Steere alichagua Kiunguja, kwa sababu ndicho alichokisikia mjini na ndicho kilichokuwa kikisafiri na misafara ya bara.

Njia yake ilikuwa ya fundi aliye makini. Alikusanya maneno, akayapima kwa wasemaji mbalimbali, akayapanga upya, kisha akayachapisha katika karatasi chache ili yatumike na kusahihishwa. Wasaidizi wake wakuu walikuwa Waswahili wenyewe. Anajulikana kati yao Hamisi wa Kayi, kijana wa Unguja aliyemsaidia kwa hadithi na maelezo ya maneno. Sheikh Abdul Aziz, mwanachuoni aliyeheshimika mjini, alimsaidia kupata tafsiri ya Zaburi katika Kiswahili fasaha.

Mwaka 1870, akiwa Uingereza kwa likizo iliyorefuka, Steere alitoa London kitabu chake kikubwa, A Handbook of the Swahili Language. Kitabu hicho kilikuwa na sarufi na orodha ndefu za maneno. Kiliyapanga majina katika ngeli nane kufuatana na viambishi na upatanisho wake, na kikamwonyesha msomaji kwamba sentensi ya Kiswahili hujengwa kwa kuipatanisha na ngeli ya jina. Kwa mtu aliyezoea sarufi ya Kilatini huo ulikuwa mfumo mgeni kabisa. Kitabu kilirudiwa kuchapishwa mara nyingi, na kwa miaka mingi kilikuwa kitabu cha kwanza cha Wazungu waliotaka kujifunza Kiswahili.

Katika mwaka huohuo wa 1870 alitoa Swahili Tales, mkusanyiko wa hadithi alizosimuliwa Unguja, kila ukurasa wa Kiswahili ukielekeana na tafsiri yake ya Kiingereza. Humo kuna kisa cha punda wa dobi, hadithi ya Sultani Darai, ya Sultani Majnuni, na habari za Liongo, shujaa na mshairi wa pwani ya kaskazini. Ni moja kati ya mikusanyo ya mwanzo kabisa ya hadithi za Kiswahili iliyotolewa katika kitabu cha kupigwa chapa kwa herufi za Kilatini.

Mtambo wa chapa

Wamisionari walikuwa na mtambo mdogo wa chapa wa mkono, na Steere ndiye aliyewafundisha wavulana kuutumia. Katika kazi hiyo kila herufi ni kipande kidogo cha madini ya risasi. Mpangaji huitoa kwenye sanduku lake, huipanga kinyumenyume pamoja na nyingine mstari kwa mstari, huipaka wino, huikandamiza kwenye karatasi, kisha huirudisha sandukuni ili itumike tena. Kiswahili hutumia herufi a, k na w mara nyingi zaidi kuliko Kiingereza. Kwa hiyo sanduku lililopangwa kwa ajili ya Kiingereza huishiwa upesi, na mpangaji hulazimika kumaliza ukurasa mmoja kabla ya kuanza mwingine.

Kutoka katika mtambo huo zilitoka sala, nyimbo, masomo ya shule, sehemu za Biblia na vijitabu vya lugha. Kijana Owen Makanyassa, mmoja wa waliofundishwa kazi hiyo, alikuja kuwa msimamizi wa chapa. Kwa hiyo baadhi ya vitabu vya kwanza vya Kiswahili vilivyopigwa chapa katika Afrika Mashariki vilipangwa, herufi baada ya herufi, na vijana waliokuwa wamefika Unguja wakiwa watumwa.

Steere hakuishia kwenye Kiswahili. Alikusanya na kuchapa maelezo mafupi ya lugha nyingine nyingi zilizosemwa na watu waliopita Unguja, zikiwemo Kisambaa, Kiyao, Kinyamwezi, Kizaramo, Kingindo, Kingazija na Kimakonde. Kijitabu cha Kimakonde kilitoka Unguja mwaka 1876, wakati alipokuwa tayari askofu, mwenye shule, vituo vya bara na ujenzi wa kanisa mikononi mwake. Mwaka 1878 alitoa tena kitabu cha mazoezi ya Kiswahili.

Usambara na Magila

Kijitabu cha Kisambaa kilikuwa miongoni mwa vya kwanza. Kilichapwa Unguja mwaka 1867, na kilihusiana na mpango wa misheni wa kuingia bara kupitia milima ya Usambara. Milima hiyo ilikuwa chini ya ufalme wa Wakilindi, ambao makao yake yalikuwa Vuga, katika Usambara ya magharibi. Krapf alikuwa amefika Vuga mara mbili, mwaka 1848 na 1852, na kupokelewa na mfalme Kimweri ye Nyumbai, lakini kituo hakikuanzishwa. Kimweri alifariki mwanzoni mwa miaka ya 1860, na baada yake ufalme uligawanyika kwa vita vya wenyewe kwa wenyewe.

Mwaka 1867 kasisi Charles Alington wa UMCA alikwenda kuomba ruhusa ya kukaa katika nchi hiyo. Wamisionari hawakuruhusiwa kukaa katika mji mkuu. Walipewa nafasi Magila, katika nchi ya Bonde, chini ya Usambara ya mashariki, si mbali na mji wa leo wa Muheza. Kituo kilianza mwaka 1868, lakini kwa miaka kadhaa kiliyumba kwa sababu ya vita na upungufu wa watu.

Steere alipokuwa askofu aliifanya Magila kuwa mojawapo ya nguzo za kazi yake. Mwaka 1875 kasisi John Prediger Farler alishika uongozi wa kituo, nacho kikaanza kukua na kuzaa vituo vingine katika vijiji vya Bonde. Vijana waliosoma Kiungani, shule ya misheni nje ya mji wa Unguja, walipelekwa huko kuwa walimu. Kwa njia hiyo Kiswahili cha Steere kilifika Bonde kupitia vitabu na walimu wa shule, katika nchi ambayo watu wake walisema Kibondei na Kisambaa.

Mfano wake wa kuandika lugha nao ulifuatwa huko. Mwaka 1882 mmisionari wa Magila, Herbert Woodward, alitoa kitabu cha lugha ya Kibondei kilichofuata mtindo wa vijitabu vya Steere. Baadaye Magila ilipata kanisa la mawe lililowekwa chini ya jina la Msalaba Mtakatifu, na mahali hapo pakajulikana kwa jina la Msalabani.

Uaskofu na safari za kusini

Steere alirudi Unguja mwaka 1872. Mwezi Aprili mwaka huo kimbunga kikubwa kilikipiga kisiwa, kikavunja nyumba, kikazamisha meli na kuangusha minazi na mikarafuu. Tozer alikuwa amechoka na mgonjwa, akajiuzulu mwaka 1873. Wengine walikuwa wamekufa. Kwa muda Steere alibeba karibu mzigo wote wa misheni peke yake, yaani shule, chapa, mahubiri, hesabu za fedha na barua za kila meli.

Tarehe 24 Agosti 1874 aliwekwa wakfu kuwa askofu katika kanisa la Westminster Abbey, London. Mwaka 1875 alisafiri kwa miguu kutoka Lindi hadi Mwembe, mji wa Mataka, mtawala mwenye nguvu wa Wayao. Mwaka 1876 aliongoza kundi la watu waliokuwa watumwa kutoka Unguja, ambao walitaka kurudi upande wa nchi zao za ziwa Nyasa. Walipofika Masasi waliona mahali hapo panafaa, wakajenga kijiji. Huo ndio mwanzo wa kituo cha UMCA cha Masasi.

Kanisa la Mkunazini

Tarehe 5 Juni 1873 Sultani Barghash bin Said, kwa kushinikizwa na Uingereza, alitia saini mkataba wa kukomesha biashara ya watumwa baharini na kufunga masoko ya watumwa. Soko la Unguja lilikuwa Mkunazini, pembezoni mwa mji. Kasisi Arthur Nugent West alinunua sehemu ya uwanja huo kwa ajili ya misheni, na sehemu nyingine ilitolewa na mfanyabiashara Mhindi, Jairam Senji. Jiwe la msingi liliwekwa siku ya Krismasi mwaka 1873, wakati soko lilikuwa limefungwa kwa miezi michache tu.

Mchoro wa awali ulitoka kwa msanifu wa Uingereza, lakini jengo lenyewe lilikuwa kazi ya Steere. Yeye ndiye aliyesimamia mafundi, aliyepima, aliyekagua chokaa na aliyebadilisha mipango palipohitajika. Alikuwa akiandika na kutafsiri, kisha akishuka kwenye kiwanja. Ujenzi ulichukua miaka mingi, na kadiri ulivyoendelea ndivyo ulivyozidi kudai muda na mawazo yake.

Jambo gumu kuliko yote lilikuwa paa. Nyumba za mawe za Unguja zilijengwa kwa matumbawe na chokaa, na dari zake zilibebwa na boriti za mikoko. Boriti hizo hazivuki nafasi kubwa, ndiyo maana vyumba vya nyumba za zamani za mji ni virefu lakini vyembamba. Kanisa lilihitaji ukumbi mpana zaidi ya hapo. Mbao za kutosha hazikupatikana kwa urahisi, na mchwa ungezila. Steere aliamua kujenga paa zima kama tao moja refu la zege, lililochanganywa kwa vipande vya matumbawe na saruji, bila boriti hata moja.

Kazi ya namna hiyo hufanywa kwa kujenga kwanza kalibu ya mbao yenye umbo la tao, kumimina zege juu yake, na kungoja likauke kabla ya kuondoa mbao. Wakati wa kuondoa ndipo fundi anapojua kama hesabu zake zilikuwa sahihi. Steere hakuwa amefundishwa uhandisi, na wengi mjini waliamini kwamba paa lingeanguka. Halikuanguka. Lilikamilika mwaka 1879, na bado linasimama.

Masimulizi mawili kuhusu jengo hilo husimuliwa hadi leo. La kwanza ni kwamba nguzo fulani karibu na mlango wa magharibi zilisimamishwa juu chini na mafundi wakati askofu alipokuwa safarini, naye aliporudi akaziacha zilivyo. La pili ni kwamba altare ipo mahali uliposimama mti ambao watumwa walifungwa na kupigwa viboko. Saa ya mnara inasemekana ilikuwa zawadi ya Sultani Barghash, kwa sharti kwamba mnara usizidi kimo cha jumba lake. Msalaba mmoja ndani ya kanisa umetengenezwa kwa mbao za mti wa kijiji cha Chitambo, Zambia ya leo, ambao moyo wa Livingstone ulizikwa chini yake mwaka 1873.

Maisha binafsi

Steere aliondoka Uingereza akitegemea kwamba ama atarudi upesi kwa mke wake, ama mke wake atamfuata. Hakuna lililotokea. Mary Steere alipatwa na ugonjwa wa akili, na hakuwahi kuishi Afrika. Wawili hao waliishi mbalimbali kwa sehemu kubwa ya ndoa yao. Hawakuacha familia iliyoendeleza jina lao.

Katika misheni ya watu wachache, wengi wao wakiwa vijana waliokaa muda mfupi, Steere alizidi kuwa mtu wa upweke. Kila alichokianza kilimwongezea kingine. Sarufi ilihitaji kamusi, kamusi ilihitaji hadithi za kuthibitisha maneno, hadithi zilihitaji mtambo, mtambo ulihitaji mafundi, na mafundi walihitaji shule. Alipohitajika kupumzika alitafsiri. Alijulikana kwa kuvaa na kuishi kwa urahisi, na kwa kushika kazi za mikono ambazo askofu wa Uingereza asingezigusa.

Maisha hayo yalikuwa na gharama mbili. Ya kwanza ilikuwa afya yake, iliyodhoofika mwaka baada ya mwaka. Ya pili ilikuwa kwa misheni yenyewe. Kwa kuwa mambo mengi yalipitia mikononi mwa mtu mmoja, kutokuwepo kwake kuliacha pengo kila mahali kwa mara moja.

Kifo

Mwaka 1882 Steere alikuwa Uingereza akiwa dhaifu. Alirudi Unguja mwezi Agosti, na siku chache baada ya kufika alifariki kwa kiharusi, akiwa na umri wa miaka 54. Alizikwa nyuma ya altare ya kanisa alilolijenga. Mke wake alifariki mwaka uliofuata.

Mwezi Septemba 1882, wiki chache tu baada ya mazishi, kituo cha Masasi kilishambuliwa na wapiganaji wa Wangoni, na watu wengi wakauawa au kuchukuliwa mateka. Mrithi wake, askofu Charles Alan Smythies, aliwekwa wakfu mwaka 1883.

Urithi

Tafsiri ya Agano Jipya katika Kiunguja, ambayo Steere aliifanya na kuisahihisha kwa miaka mingi, iliendelea kutumika baada yake, na Biblia nzima ikakamilishwa na wenzake katika miaka ya 1890. Tafsiri hiyo ilitumika kwa zaidi ya nusu karne, mpaka ilipotokea tafsiri ya pamoja ya Biblia ya Kiswahili katika miaka ya 1950.

Arthur Cornwallis Madan, aliyefanya kazi naye Unguja, alisahihisha na kupanua kitabu chake cha sarufi. Kutokana na msingi huo alitoa kamusi ya Kiingereza na Kiswahili mwaka 1894 na ya Kiswahili na Kiingereza mwaka 1903. Kamusi za Madan nazo zilikuwa msingi wa kamusi za Frederick Johnson za mwaka 1939, zilizotumiwa na vizazi vya wanafunzi.

Wakati serikali za kikoloni za Tanganyika, Kenya, Uganda na Zanzibar zilipotafuta Kiswahili kimoja cha shule, mjadala mkubwa ulikuwa kati ya Kimvita na Kiunguja. Mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928 ulichagua Kiunguja, na Kamati ya Lugha iliyoanza kazi mwaka 1930 ilikisanifu. Steere alikuwa amekufa kwa karibu miaka 50, lakini vitabu vyake na vya wanafunzi wake vilikuwa sehemu kubwa ya sababu ya Kiunguja kuwa tayari na sarufi, kamusi na maandiko ya kusoma.

Urithi huo umejadiliwa pia kwa macho mengine. Waswahili walikuwa wakiandika lugha yao kwa herufi za Kiarabu kwa karne nyingi kabla ya Steere, na tenzi za Lamu, Pate na Mombasa zilikuwa zimefikia kiwango cha juu. Kushinda kwa Kiunguja na kwa herufi za Kilatini kuliisukuma fasihi hiyo pembeni mwa shule. Pia, majina yaliyo juu ya vitabu ni ya mhariri, ilhali wengi wa wasimulizi, watafsiri na wapangaji wa herufi waliowezesha kazi hiyo hawajulikani. Majina kama Hamisi wa Kayi na Owen Makanyassa ni machache kati ya mengi. Vivyo hivyo kwa kanisa: mchoro na hesabu vina mwenyewe, lakini mafundi waashi na wabeba mawe hawakuandikwa.

Habari za maisha ya Steere zilikusanywa na R. M. Heanley katika kitabu kilichotoka mwaka 1888. Kanisa la Mkunazini leo ni sehemu ya Mji Mkongwe, ambao uliingizwa na UNESCO katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2000, na hutembelewa na wanafunzi na wageni wengi wanaotaka kujifunza historia ya utumwa. Kaburi la Steere lipo humo, chini ya paa lake la tao.